Fishi Namba 1146

Kamembe, Jumanne tarehe 12 Machi 2002
Asubuhi mvua nyembamba, ukungu juu ya ziwa, upande wa Bukavu hauonekani.

Maman mpendwa,

Mimi binti yako nakusalimu, na kabla ya yote naulizia mguu wako wa kushoto, maana najua unavyokusumbua majira haya ya mvua. Je, bado unaukanda kwa mafuta ya mawese jioni? Na mjomba, ambaye najua ndiye anayekusomea barua hii, kifua chake kimepona? Namwomba asome polepole na asiruke kitu, hata pale atakapoona ni afadhali kuruka.

Mimi ni mzima wa mwili. Tangu Noeli sijapata malaria. Shangazi wa Gashonga naye ni mzima. Upepo ulimwangushia migomba sita, lakini mihogo imesimama, na maharage ameshayavuna kabla hayajaoza. Anasema bado una deni lake la kumtembelea.

Barua yako niliipata Jumamosi. Papa Kasongo aliileta ofisini mwenyewe, viatu mkononi kwa ajili ya matope, akanipa na salamu zako kwa mdomo. Aliniambia: "Maman yako amesha funga mizigo. Anangojea tu boti ya Uvira." Alisema hivyo akicheka, kama mtu anayeleta habari njema, nami nikamkaribisha chai.

Nilitaka kuanza kwa habari nyingine kama inavyofaa, lakini Papa Kasongo anarudi kesho asubuhi na boti yako ya kutoka Kalemie iko karibu. Kwa hiyo nasema jambo lenyewe sasa. Maman, usije. Fungua mizigo. Kile nilichokuandikia Januari, kwamba nimemwona mdogo wangu, Fofo wetu, kwenye rejista ya watoto, ni kweli. Lakini sijui yuko wapi, na njia niliyokuwa nayo ya kujua imefungwa. Barabara kutoka Uvira mpaka Kamanyola unajua wanavyoisema. Sitaki uipite uje ukae kitandani pangu ukiangalia kompyuta isiyosema kitu.

Nakueleza hatua kwa hatua, usije ukafikiri kwamba amekufa nami naogopa kusema. Hajafa, kwa kadiri ninavyojua. Mtu akifa hapa huwa tunaambiwa.

Kazi yangu unaijua kwa jina tu. Ofisi yetu inatafuta wazazi wa watoto waliopotezana nao wakati wa vita. Kila mtoto aliandikiwa karatasi ngumu moja, ambayo sisi tunaiita fishi: jina lake, umri, jina la mama, jina la baba, mahali alipopotea, na nyumba anayolelewa sasa. Fishi zilikuja kutoka Bugarama, Nkombo, Gashonga, na hata ng'ambo, Bukavu na Walungu. Mwaka 1998 tuliletewa kompyuta na programu ya kuzitunza. Programu hiyo iliandikwa na mtaalamu mmoja mgeni aliyekaa nasi miezi mitatu kisha akaenda zake. Mimi ndiye niliyeziingiza fishi zote humo, kwa kuwa nilikuwa nimejifunza kupiga taipu.

Mwaka uliofuata, vita vya ng'ambo vikiwa vimewaka tena, wazazi walianza kuja kuulizia zile karatasi. Hawakuulizia watoto, Maman. Waliulizia karatasi. Mama mmoja wa Nkombo alisimama mbele ya kabati letu akamwuliza Chef, mkuu wa ofisi yetu: "Ile karatasi mumeandika mutoto wangu, siku mukikimbia, nani atabaki anaisoma?" Huku hakuna mtu asiyejua orodha ya majina ilifanya kazi gani mikononi mwa wauaji wa 1994. Wengine walisema hawatamleta mtoto yeyote aandikwe mpaka karatasi zitoweke. Ndipo tulipozichoma. Tulizichoma nyuma ya ofisi ndani ya pipa, wazazi wakiwa wamesimama wanaangalia, na yule mama wa Nkombo hakuondoka mpaka majivu yalipopoa. Mimi nilishika fimbo ya kukorogea. Siku hiyo niliandika katika daftari langu kwamba tumefanya jambo jema, na hata leo sijui ningeandika nini badala yake.

Majina yakabaki ndani ya kompyuta peke yake. Na humo nayo yalifichwa. Programu ile inayavuruga, hata mtu akiiba kila kitu haoni ila alama zisizosomeka. Ni yenyewe tu inayoweza kuyapanga tena. Mstari mfupi wa mtoto, ule wa jina lake, umri, wazazi na mahali alipopotea, niliweza kuuona kwa neno langu la siri. Lakini kufungua fishi nzima, yenye nyumba anayoishi, kulihitaji neno la pili, nalo alilijua Chef peke yake. Sote tuliona kwamba huo ni ulinzi mzuri.

Miaka yote hiyo nilimtafuta Fofo humo. Niliandika Faustin, nikaandika Fofo, nikaandika jina lako la ubatizo na jina la marehemu Papa. Niliwapitia mmoja mmoja akina Faustin wote, nikitafuta aliyepotea Nyangezi, pale umati wa wakimbizi ulipotukata sehemu mbili. Hakuna hata mmoja.

Tarehe 16 Januari alikuja mama mmoja wa Gashonga kumtafuta binti yake. Nilimwuliza jina lake la ubatizo, kama ninavyowauliza wote. Akanicheka. "Mademoiselle, mutoto wa miaka tano atajua wapi batizo yangu? Yeye anajua mimi ni Maman Furaha." Furaha ni kifungua mimba wake. Nilitafuta kwa jina hilo, sikupata kitu, akashukuru akaenda zake. Mimi nikabaki nimekaa. Kisha nikaandika jina ambalo majirani wote wa Bukavu walikuita, ambalo hata Papa alikuita akitaka chumvi mezani, na ambalo katika miaka minne sikuwahi kulijaribu. Niliandika Maman Conso.

Ulitoka mstari mmoja tu. Mvulana, Dieudonné, miaka kama tisa. Mama: Maman Conso. Baba: Papa Conso, anashona viatu. Alipotea Nyangezi. Fishi namba 1146.

Dieudonné ni jina wanalowapa watoto waliookotwa, wako wengi; huenda Fofo hawakulihesabu kuwa jina. Lakini fundi viatu aitwaye Papa Conso, aliyepoteza mtoto Nyangezi, ni mmoja.

Siku hiyo Chef alikuwa Kigali kwa mkutano. Nilimpigia simu. Alifurahi sana, akasema lakini neno la siri halisemwi kwenye simu, nimsubiri siku tano. Alikuwa na haki. Kanuni yetu inakataza pia kunakili chochote kutoka kwenye rejista, nami niliweka sahihi, kwa hiyo katika daftari langu niliandika namba peke yake. Jioni nikakuandikia wewe ile barua. Hapo nilikosa. Nilipaswa kumngoja Chef, na sikuweza.

Siku ya nne ikapiga radi. Umeme ulikatika, ukarudi na nguvu isiyo ya kawaida, taa za ofisi zikawa nyeupe kabisa, na kompyuta ikatoa harufu ya plastiki iliyoungua. Haikuwaka tena.

Hata hivyo hatukukata tamaa mapema. Kompyuta mbili mpya zilikuwa kwenye katoni tangu Desemba, msaada uliotoka makao makuu. Chef alimwita Fundi Zagabe, kijana wa Bukavu anayevuka mpaka kila asubuhi na mkoba wa bisibisi, anayetengeneza kila kitu chenye waya hapa Kamembe na kuongea bila kupumzika. Zagabe alifungua ile iliyoungua, akatoa diski yake ya ndani, akaipachika kwenye mpya. Faili la majina lilikuwepo, zima. Nililiona kwa macho yangu, Maman. Nilipolifungua zilikuja alama za mraba na nyota ukurasa baada ya ukurasa, na mahali fulani katikati ya alama hizo alikuwa Fofo.

Programu iliyokuwa kwenye diski ile ilikataa kuamka. Ilisema mashine hii si ile iliyoandikishwa. Zagabe akasema si neno, tutaiweka upya kwenye kompyuta mpya kutoka kwenye disketi zake. Disketi ni saba. Nilikuwa nimezitunza ndani ya kopo la maziwa ya unga, kila moja na namba yake. Ya nne ilikuwa na ukungu. Zagabe aliifuta kwa pamba na spiriti kama anayesafisha kidonda.

Jaribio la kwanza lilikuwa tarehe 6 Februari. Disketi zote saba ziliingia vizuri, nami nikawa nahesabu kwa sauti. Mwishoni, pale programu ilipotakiwa kufunguka, kioo kikawa cheusi na yakatoka maneno ya Kifaransa: kosa namba 200, kugawanya kwa sifuri. Basi. Tukaiwasha tena, ikasema vilevile, ikafa vilevile.

Zagabe ana rafiki Kigali aliyesomea mambo haya. Rafiki akataka maneno yote ya kosa lile pamoja na herufi na tarakimu zinazoyafuata, bila kubakiza hata moja. Zagabe alisema tuyasome tu pale yanapotoka. Lakini mimi nilifikiri kwamba huenda ukungu wa disketi ya nne umeacha kitu kibaya ndani, na kwamba hatutajua kosa ni la nani mpaka tuanze kwenye mahali pasafi. Wewe unanijua, sifagii chumba nikaacha kona. Nilifuta kila kitu kwenye kompyuta mpya kwa mkono wangu, nikaanza tena kutoka disketi ya kwanza, nikayapata maneno yaleyale, nikayaandika katika daftari kwa kalamu nyekundu.

Jibu lilikuja baada ya siku nane. Zagabe alilileta akiruka madimbwi. Akasema programu haina ugonjwa na kompyuta haina ugonjwa. Shida ni mbio. Programu ile, ikishatambua kwamba mashine ni yake, kwanza inapima mwendo wa mashine iliyomo: inahesabu kidogo, inaangalia saa, kisha inagawanya. Ilizaliwa zamani, mashine zilipokuwa zinatembea. Hii mpya inamaliza hesabu kabla saa haijasogea, programu inakuta muda ni sifuri, inagawanya kwa sifuri, inaanguka.

"Hii kompyuta iko kama bale bataximan ya pikipiki pale stendi," alisema. "Muzee hajapandisha mguu wa pili, yeye amesha fika Bugarama."

Dawa ilikuwa kuipunguza mwendo. Rafiki alimtumia programu ndogo ya kuifanya mashine ipoteze wakati, na Zagabe naye akazima kitu fulani katika mipangilio ya ndani. Ikawa nzito kweli. Ukibonyeza herufi unaisubiri. Chef alisimama mlangoni akitikisa kichwa. "Tumeomba kompyuta mupya miaka tatu," akasema, "leo munaifundisha uzee." Tulicheka wote watatu. Nakuandikia hilo kwa sababu ni mara ya mwisho tuliyocheka mle ndani.

Nilifuta tena kila kitu, tuanze safi. Nikaingiza disketi ya kwanza. Haikuomba ya pili. Iliandika kwamba idadi ya ruhusa za kuiweka programu hii imekwisha, tuwasiliane na aliyetuuzia.

Zagabe alisoma mara mbili, kisha akavuta kiti akakaa. Baadaye alinieleza. Waliouza programu za zamani waliogopa wizi, kwa hiyo ndani ya disketi ya kwanza waliweka ruhusa, kama tiketi. Yetu ilikuwa na tatu. Moja ilichukuliwa na kompyuta iliyoungua. Ya pili iliingia kwenye kompyuta mpya tulipojaribu mara ya kwanza, na ya tatu nilipojaribu mara ya pili. Ruhusa hutoka kwenye disketi na kukaa ndani ya mashine. Na mimi niliifuta mashine. Mara mbili.

Nilimwuliza kama tungeacha mambo yalivyokuwa siku ya kwanza, na kuipunguza mwendo tu, ingekuwaje.

"Ingefunguka," akasema. "Ungeiacha tu chafu, Mademoiselle."

Alijuta kulisema. Kesho yake alininunulia Fanta, akaiweka mezani, akaondoka. Lakini ni kweli, na nimeliandika katika daftari kama alivyolisema.

Tangu hapo, Maman, nimefanya yafuatayo. Chef aliandika makao makuu, akaandika tena. Walijibu kwamba yule mtaalamu hafanyi kazi nao tena na anwani yake hawanayo, na kwamba kampuni iliyomwuzia vyombo vya kuandikia programu ile ilifungwa. Wakauliza kama hatukubakiza fishi za karatasi. Chef alinisomea swali hilo, akaikunja barua, akaiweka mfukoni badala ya kuiweka kwenye jalada. Makao makuu walisema pia kwamba ofisi yetu itafungwa mwisho wa Juni, kwa sababu watoto wengi wamekwisha rudishwa. Wengi wamerudishwa, hilo ni kweli.

Rafiki wa Zagabe alipelekewa nakala ya faili, ajaribu kuzipanga alama hizo bila programu. Alikaa nayo wiki mbili. Alisema aliyeitengeneza aliifanya kazi yake vizuri.

Nilitafuta pia kwa miguu. Nilifikiri kwamba mtoto wa miaka kumi na tatu, mwenye kovu la pasi kwenye kiwiko cha kulia, anaweza kuonekana. Jumapili mbili nilikwenda Bugarama, nikauliza kwenye mashamba ya mpunga na kwa wake za wafanyakazi wa saruji. Walinipa maji ya kunywa, wakaniambia akina Dieudonné ni wengi, nikaletewa wanne. Viwiko vinne vizuri. Jumapili ya tatu nikavuka kwenda Nkombo. Katika nyumba moja mama aliponiona na daftari mkononi aliwaingiza watoto ndani, akaegemea mlango. "Hapa hakuna wa kuandika," akasema. "Bote ni bangu." Nikamwambia sikuja kuandika, natafuta ndugu yangu. Akasema hata waliokuja zamani walisema hivyo. Sikumlaumu. Sijui nyuma ya mlango ule walikuwa akina nani, nami sikuwa na haki ya kuusukuma.

Sasa nafika kwenye jambo ambalo sijamwambia Chef wala shangazi. Namwomba mjomba alisome.

Wiki iliyopita nilirudi kwenye madaftari yangu ya zamani. Nilitaka kujua fishi namba 1146 ilitoka upande gani, kwa sababu siku zile niliandika kila jioni nimeingiza kuanzia namba gani mpaka namba gani. Nilidhani huenda niliandika pia zimeletwa na nani. Nikaipata siku hiyo. Ni tarehe 20 Mei 1998. Nimeandika hivi: "Asubuhi jua, mchana mawingu. Fishi 1120 mpaka 1161. Macho yanauma. Nimekula viazi na samaki sambaza. Barua kwa Maman bado." Hakuna zaidi. Sikuandika zimetoka wapi.

Maman, niliishika. Ilikuwa mkononi mwangu mimi, si mwa mtu mwingine. Nyumba anayoishi iliandikwa pale chini, kwenye mstari wa mwisho, nami niliupiga mstari huo herufi kwa herufi. Niliandika Maman Conso kwa vidole vyangu bila kusikia kwamba ni mimi ninaitwa. Ofisini walikuwa wakiniita Mademoiselle, na nilikuwa nahesabu zilizobaki nikapumzike. Mwaka uliofuata nikaikoroga motoni.

Nimekaa mara nyingi nikifumba macho, nikijaribu kuuona mstari ule wa mwisho. Wakati mwingine naona Bugarama, wakati mwingine naona Walungu. Najua kwamba najitungia. Kwa hiyo usije kwa ajili ya ninachokiona nikifumba macho.

Najua utataka kuniambia kwamba si kosa langu. Usiseme hivyo haraka. Kaa nalo kwanza, ukasirike kama unataka, kisha uniandikie lililo kweli.

Hakuna ninaloweza kukuahidi. Diski iko kwenye droo ya Chef, imefungwa kwa kitambaa, na amesema Juni ikifika atanipa mimi niitunze badala ya kuirudisha. Sijui nitaifanyia nini. Zagabe anasema huenda siku moja mtu atapatikana. Anasema hivyo kwa sababu ananihurumia.

Lakini kuna jambo moja nakuomba, na hilo halihitaji mashine. Papa Kasongo aliniambia kwamba huko Kalemie watu wanakuita Maman Riziki, kwa sababu ya mtoto wa marehemu dada yako unayemlea. Sina wivu na Riziki, mbusu kwa niaba yangu. Ila naomba uwaambie wanawake wenzako wa sokoni, na majirani, na wale wa kwaya, wakuite tena Maman Conso, kwa sauti, hata kama wataona ni ajabu mwanamke kubadilisha jina uzeeni. Waambie na wasafiri wa boti. Sisemi kwamba atafika Kalemie. Sioni atafikaje, mtoto asiye na karatasi katika barabara hizi, na huenda alipo anapendwa na hataki kuondoka. Nasema tu kwamba akiwahi kuuliza, kwa mtu yeyote, popote, hilo ndilo jina atakalouliza. Lingine hana. Na mimi huku nimewaambia Zagabe na Chef na wauzaji wa stendi waache Mademoiselle, waniite Conso. Zagabe anasahau kila siku.

Nisalimie mjomba, na ninamshukuru kwa sauti yake. Nisalimie mke wake, mwambie kitambaa alichoniagiza nimekipata na Papa Kasongo anacho. Nisalimie bibi, mama yako, mguse mkono kwa niaba yangu kama bado hasikii. Msalimie padri wa kwenu aliyenifundisha kusoma saa. Riziki mpe peremende zilizo ndani ya soksi aliyonayo Papa Kasongo. Shangazi wa Gashonga anakusalimu na anasema mizigo ukishaifungua usiiweke mbali sana, maana vita navyo huchoka. Hayo ni maneno yake, si yangu.

Nakuheshimu na kukukumbuka, Maman. Ukishanikasirikia, uniombee.

Mimi kifungua mimba wako,
Conso

Jumatano asubuhi. Mvua imekatika, Bukavu inaonekana. Papa Kasongo yuko mlangoni. Nililala saa tisa na dakika ishirini usiku, baada ya kuimaliza barua hii.